Mchezo Uliokatizwa na Mvua

Ndugu zangu, Bwana asifiwe, kuanzia mnaokaa mbele karibu na kwaya hadi ninyi wa nyuma karibu na mlango, mahali ninapokaa mimi.

Ilianza Jumanne, saa kumi na nusu jioni. Nilikuwa zizini nakamua. Mbwa wetu alibweka mpaka akachoka, na mgeni hakuondoka. Nilipoinua kichwa nikaona mwanamke mrefu amesimama nje ya ua, amevaa koti la kijivu na raba zilizojaa tope, amejitwika begi kichwani kama mtu anayetoka gulioni. Akaniuliza, "Wewe ndiye Marta?" Hakupaza sauti, lakini nilimsikia kama vile ameketi kando yangu. Nikaitikia kwa kichwa. Nilijua napaswa kumwamkia. Shikamoo ilifika kooni ikakaa hapohapo, kama kawaida yangu. Yule mama akasubiri kidogo, kisha akasema taratibu, "Marahaba, mwanangu," kana kwamba nimeshamwamkia.

Huyo alikuwa Shangazi Rahel, dada wa baba yangu. Tangu nikiwa mdogo nilikuwa nimekatazwa kulitaja jina lake.

Ndugu zangu, wengi wenu mnanijua, lakini huenda maneno haya yakasomwa Masakta au Katesh kwa watu wasionijua. Basi niseme. Naitwa Marta, natoka Endagikot, nasoma kidato cha tatu. Nimeandika kwa sababu Mama Mwinjilisti aliponiomba nitoe ushuhuda, nilimwambia kusimama na kueleza yote haya kwa mdomo bado sijafika huko. Akasema, "Andika basi, mwanangu, atasoma mwingine." Kuandika nakuweza. Tangu shule ya msingi naandika kila jioni yaliyonipata, kwa kuwa karatasi haikukodolei macho.

Shida yangu ilikuwa kinywa. Nyumbani naongea, kwa sauti ndogo. Nikivuka ua, maneno yanaisha. Darasani mwalimu akiniita nasimama, nanyamaza, nakaa chini. Wenzangu walinipa jina la Simu Imezimwa. Na kila mtu kwetu alijua sababu. Sababu ilikuwa Shangazi.

Shangazi alikuwa mwigizaji wa jukwaani. Alipomaliza shule alijiunga na kikundi cha sanaa kilichozunguka wilaya zetu na lori moja. Walicheza Dongobesh, wakacheza Masakta na Balangdalalu, kwenye viwanja vya shule na siku za mnada, juu ya jukwaa la mbao walilolipakia na kulipakua wenyewe. Siku moja wakafika kwetu. Shangazi aliigiza mama mgonjwa ambaye binti yake amemtupa na kwenda zake. Katikati ya mchezo yule mama anatoka nje, anavua kilemba, anaelekea jua linakozama, anamlaani binti yake. Wanaokumbuka wanasema alipofika hapo hata watoto waliokuwa wanakula miwa waliacha kutafuna. Akasema, "Marta, kinywa chako kifungwe. Useme, asiwepo wa kusikia. Uite, asiwepo wa kuitika."

Alisema Marta. Mimi nilikuwa mgongoni kwa mama yangu, katikati ya watu, sijaanza hata kutambaa. Wanasema nililia mara moja, kilio kikali, nikanyamaza. Na palepale mvua ya mawe ikashuka. Watu wakakimbia wamejifunika viti vya shule vichwani. Wasanii wakapakia mbao zao wakaondoka kabla barabara haijakatika.

Kwetu laana si kitu cha kutania. Mtu mzima akiitamka hadharani huku jua linazama, hakuna anayeuliza kama alikuwa kazini. Nilipochelewa kusema, watu wakaunganisha: jina, kilio, mawe. Bibi yangu, ambaye ndiye mama mzazi wa Shangazi, akampelekea ujumbe asikanyage tena nyumbani. Na hakukanyaga, hadi Jumanne ile.

Waliniombea sana. Hapa nataka kuwa mkweli. Katika mkutano mmoja wa injili pale Mbulu mjini, mhubiri alinishika kichwa akikemea, na wenzangu wote kwenye mstari walikuwa wanaanguka. Mimi sikusikia kitu. Nikamwonea huruma, jasho lilikuwa linamtoka sana, nikalegea nikaanguka polepole ili asivunjike moyo. Niliinuka nikiwa vilevile. Ndugu zangu, sikumdharau Mungu. Nilimlilia kila siku, nikiwa peke yangu kisimani, huko ambako niliweza kusema.

Kilichoniumiza zaidi kilikuwa kipaimara. Mnajua utaratibu wetu: kabla ya kuwekewa mikono, kila mtoto husimama mbele ya usharika, husema jina lake, na kujibu swali moja la katekisimu. Katekisimu naijua yote, hata ukiniamsha usingizini. Lakini mara mbili nilisimama, na mara mbili nilirudi kwenye benchi bila kusema hata jina langu. Watoto niliowazidi kimo wakanipita. Mchungaji, mtu mpole, akasema nitajibu ofisini kwake, mlango ukiwa umefungwa. Mimi ndiye niliyekataa. Nikijibu ofisini, watu watasema hata Mchungaji ameizunguka laana. Kipaimara cha mwaka huu kilikuwa karibu, na nilikuwa nimeamua moyoni: nikinyamaza mara ya tatu, kanisani sirudi tena. Sikumwambia mtu.

Basi hali ilikuwa hiyo Shangazi alipoingia uani.

Baba ndiye aliyempigia simu kwa siri, kwa sababu miguu ya Bibi ilikuwa imevimba na hakuweza kuinuka bila kushikwa. Bibi alikuwa ameketi kwenye kigoda mlangoni, amejifunga shuka. Shangazi akatua begi, akapiga magoti vumbini.

"Shikamoo, mama."

Bibi hakuitikia. Alimtazama kuanzia raba hadi nywele, zilizokuwa zimekatwa fupi kama za mwanafunzi. "Umekuja na kinywa kile?"

"Ndicho nilicho nacho, mama."

"Basi kifunge ukiwa hapa."

Shangazi akainuka, akaingia jikoni, akaanza kuosha vyombo. Aliishi hivyo siku kadhaa. Alimkanda Bibi miguu kwa maji ya moto na chumvi, na Bibi akaikubali mikono yake. Chai yake hakuikubali. Ilipoa kikombeni, kisha Bibi akaniita mimi nimpikie nyingine. Na mimi niliambiwa nisikae na Shangazi peke yangu. Nilitii, lakini nilimchungulia. Alipokuwa anafagia uani alikuwa anavumisha wimbo ndani kwa ndani, bila kufungua midomo. Alikuwa amekifunga kinywa kweli, kama alivyoagizwa.

Alasiri moja tulikuwa tunapepeta maharage. Bibi kwenye kigoda, mimi na Shangazi kila mmoja na ungo wake. Bibi alikuwa anamsema, kama alivyozoea.

"Mtu anamlaani mtoto wa kaka yake, halafu anakwenda mjini kuwaimbia walevi. Na walevi wanampigia makofi."

"Si wote walipiga makofi, mama," Shangazi akasema. "Wengine walikuwa wamesinzia."

Nilicheka. Ilinitoka tu. Bibi akanikata jicho, na kwa mara ya kwanza Shangazi akaweka ungo chini.

"Mama, sikumlaani. Ulikuwa mchezo, na mchezo haukuwa umeisha."

"Haukuwa umeisha vipi? Mlipanda kwenye lori mkaondoka."

"Binti anarudi, mama. Anapiga magoti mlangoni, anaomba aitwe jina lake. Mama yake anachukua maziwa, anamtemea kifuani kama wazee wetu wanavyobariki, anaondoa kila neno alilolisema. Kote tulikopita tulimaliza. Balangdalalu bibi mmoja alipanda jukwaani kunisaidia kutema, aliona natema kidogo. Hapa peke yake ndipo mvua ilipotukatiza."

Nilikuwa na maharage kiganjani. Nikayaachia yakamwagika. Ndugu zangu, maisha yangu yote nilikuwa nimeishi ndani ya nusu ya mchezo! Na hakuna aliyejua kwamba kuna nusu nyingine, kwa sababu hakuna aliyemuuliza. Walimfukuza kwanza.

Bibi akauliza lile nililotaka kuuliza mimi.

"Na jina? Kwa nini jina la mtoto huyu?"

Shangazi akaeleza. Kikundi chao kilikuwa na kawaida yake: kila walipofika, waliondoa majina ya mchezo wakaweka majina ya pale, ili watu wauone mchezo kuwa wao. Balangdalalu binti aliitwa jina la Kibarbaig. Dongobesh aliitwa Mwanaidi. Jina alilichagua Shangazi mwenyewe, akiwa jukwaani, bila kupanga.

"Jana yake nililala hapa nyumbani, mama, unakumbuka? Huyu mtoto alilala kifuani kwangu. Asubuhi nzima niliimba jina lake nikimbembeleza. Nilipofika mahali pa jina, ndilo lililokuja. Lilikuwa tamu kuliko majina yote niliyokuwa nayo mdomoni. Sikuwaza limekwenda wapi mpaka nilipomsikia analia." Akafuta macho kwa ncha ya khanga. "Tangu siku ile nimeigiza mwizi, nimeigiza malkia, nimeigiza hakimu. Wakinipa nafasi ya kulaani, nakataa."

Bibi akainama akaokota harage moja lililodondoka karibu na mguu wake, akalitia kwenye ungo.

"Uliyasema mbele za watu," akasema. "Yatoe mbele za watu."

"Nitayatoa. Lakini mchezo una watu wawili, mama. Mama hambariki asiyeomba. Lazima binti aseme."

Wote wawili wakanigeukia. Nikainuka nikaenda kuangalia ng'ombe, ambao hawakuwa na shida yoyote.

Shangazi alinifuata baadaye, akaegemea ua. Akaniambia maneno ya binti ni machache tu: "Mama, nimerudi. Niite jina langu." Nikamwandikia kwa kijiti kwenye vumbi: SIWEZI. Akasoma. Akasema, "Sawa. Kesho tutafanya tena kutoweza, hapa hapa, ukimaliza kukamua." Basi ikawa hivyo. Kila jioni tulikuwa zizini, mimi sisemi, yeye anasimulia.

Ndivyo nilivyoijua kazi yake. Mwenye lori alipoliuza, kikundi kilivunjika, na kwa kuwa nyumbani alikuwa amefungiwa mlango, alikwenda Arusha kuimba na bendi kwenye klabu ya usiku. Siku nyingine bendi ilialikwa Babati na Katesh. Chumba chake cha kubadilishia nguo kilikuwa stoo ya kreti za bia. Mke wa mpiga ngoma alimshikia blanketi kama pazia. Gauni lake la jukwaani, la kijani, lilishonwa kwa kitambaa cha mapazia, na lilimkaa vizuri hadi wenye magauni ya dukani wakamuuliza fundi wake ni nani. Pombe hakunywa, alikunywa maji ya moto na tangawizi, maana koo ndilo jembe lake. Kila wakati wa mapumziko alikaa juu ya kreti, miguu ndani ya beseni la maji.

"Na wanaume?" niliuliza. Ndiyo, niliuliza, kwa sauti, na sote wawili tukajifanya hatujaona.

"Wapo waliodhani wimbo unauzwa pamoja na mwimbaji. Mpiga gitaa la besi alikuwa na mkono mzito, Mungu ambariki."

Najua baadhi yenu mnasubiri niseme kwamba alikuwa amepotea. Nilimuuliza hilo pia. Akafikiri. "Sikupotea, mwanangu. Nilikuwa kazini. Kuna mambo kule sikuyapenda, na nimemwambia Mungu yote. Lakini kuna siku niliimba, mtu akaacha chupa yake akatoka nje kumpigia mama yake simu. Kilichoniuma ni kitu kimoja. Watu wakimaliza kazi wanarudi kwao. Mimi nilikuwa navua gauni, halafu basi."

Ndugu zangu, nilimpenda kuanzia hapo. Nilikuwa nimemwogopa tangu utotoni, na kumbe alikuwa ameniwaza kila siku.

Akanifundisha siri ya kazi yake. Klabuni watu wanaongea, glasi zinagongana. Mwimbaji mgeni anapaza sauti ili asikike, na watu nao wanapaza zaidi. Yeye alishusha. "Nilikuwa nashusha mpaka mtu wa meza ya mbele anashindwa kunisikia, anamwambia jirani yake anyamaze. Jirani naye anamwambia jirani. Mpaka wa kaunta wananyamaza. Sauti yako ndogo si ugonjwa, Marta. Ila usiitupe chini. Iweke mahali." Hakuna mtu aliyewahi kuniambia hivyo. Wote walikuwa wameniambia niongeze.

Ng'ombe walikuwa wanatutazama wakicheua. "Hii ndiyo hadhira yetu," alisema. "Nimewaimbia waliotafuna kuliko hawa." Siku moja akanipa mgongo, akajidai anarekebisha mlango wa zizi. Nikamgeukia ng'ombe wetu mwenye baka jeupe, nikamwambia maneno yote, kuanzia "Mama, nimerudi" hadi mwisho. Mabega ya Shangazi yakatikisika. Sijui alicheka au alilia.

Baba akaenda kuomba ruhusa mchezo umaliziwe kwenye kiwanja cha kanisa. Mwinjilisti wetu alikuja mwenyewe nyumbani, maana alikuwa na wasiwasi.

"Mchezo sina neno nao," akasema. "Lakini kutema maziwa kwenye kiwanja cha kanisa, hapana. Hayo ni mambo ya mila."

Bibi akamwita karibu na kigoda. "Mwinjilisti, wewe ulipozaliwa, nani alikutemea?"

"Bibi, wakati ule nilikuwa mtoto mchanga. Sikuulizwa."

"Na ukakua?"

"Nikakua."

"Ukawa Mwinjilisti?"

Akacheka mpaka akavua kofia. Akasema tufanye Jumamosi, watu wakishamaliza usafi wa kanisa kwa ajili ya kipaimara, naye atafungua kwa sala. "Na maziwa yawe kidogo," akaongeza.

Jumamosi hiyo watu walikuja wengi kuliko wanaokuja kufagia. Walikuja hata wasiosali kwetu. Mzee Bura, jirani yetu, ambaye siku ile ya zamani alikuwa wa kwanza kukimbia, alifika na mwavuli mkubwa, na mbingu ilikuwa nyeupe kabisa. "Leo haondoki mtu," akatangaza. "Hata mlima ukidondoka, tunakaa hadi mwisho." Baba na vijana wa kwaya wakambeba Bibi na kigoda chake wakamweka mbele. Mlango wa mchezo ulikuwa nguzo mbili na shuka lililotundikwa katikati.

Mwinjilisti akasali. Shangazi akatokeza kichwa kwenye shuka. Mzee Bura akasema, "Rahel, anzia ulipoachia, ili tuunganishe vizuri."

"Pale palishasikika, baba," Shangazi akamjibu. "Sitapasema tena."

"Kweli," mzee akakubali. "Tulisikia sana."

Mimi nilitoka upande wa barabara, kama nilivyofundishwa. Nilitembea nikitazama chini. Nilipofika mlangoni nikapiga magoti. Shuka likafunguka, Shangazi akatoka ameshika kibuyu cha maziwa. Alipaswa kuuliza, "Nani huyo mlangoni?" Ndipo mimi nijibu.

Hakuuliza.

Mwanzoni nilidhani ni ufundi, kwamba anawasubirisha watu. Kisha nikaona maziwa yanachuruzika kwenye mkono wake. Alifungua kinywa, hakikutoka kitu. Akafunga. Akafungua tena. Mwanamke aliyesimama mbele ya watu miaka yote ile, alinitazama nimepiga magoti, akashindwa. Nyuma yangu nikasikia mtu ananong'ona, "Laana imemrudia." Mwingine akasema, "Jamani." Bibi alijaribu kuinuka kwenye kigoda, miguu ikamkatalia.

Ndugu zangu, hapo ndipo Mungu aliponikuta. Hali ile aliyokuwa nayo Shangazi naijua. Nimekaa ndani yake tangu nizaliwe. Najua ulimi unavyogeuka kuwa nyama tu. Najua macho ya watu yanavyoongezeka. Na kila nilipokuwa humo niliomba kitu kimoja, mtu mmoja aseme chochote, ili nisiwe peke yangu. Hajawahi kusema mtu. Basi nikasahau laana, nikasahau kipaimara, nikasahau hata maneno ya mchezo. Nikasema bila kupaza, "Shangazi, ni mimi hapa. Niite tu. Jina ni lilelile."

Katika mchezo hakuna shangazi. Niliharibu mchezo kabisa.

"Amesema nini?" Mzee Bura akauliza huko nyuma. "Nyamazeni ninyi, mtoto asikike!" Mtu akamnyamazisha jirani, na jirani akamnyamazisha jirani, mpaka kiwanja kizima kikatulia, nikasikia majani ya miti ya migrevilea. Nikarudia, polepole, nikiliweka kila neno mahali. "Niite jina langu."

"Marta," akasema Shangazi. Sauti ilikuwa imepasuka kabisa, haikuwa sauti ya jukwaani. "Marta. Marta wangu."

Akatia maziwa mdomoni akanitemea kifuani. Yalikuwa ya uvuguvugu. "Kinywa chako kifunguke. Useme, wawepo wa kusikia. Uite, wawepo wa kuitika. Na mimi niwe wa kwanza." Kila alipomaliza neno watu wakaitikia kwa pamoja, kama wanavyoitikia wazee wanapobariki, na Mwinjilisti nilimsikia anaitikia kuliko wengine. Bibi akanyoosha mkono. "Lete hicho kibuyu," akamwambia Shangazi, na maziwa yaliyobaki akayanywa yote, kutoka mkononi mwake. Kisha akamfuta machozi kwa ncha ya shuka, kwa nguvu, kama mtu anavyomfuta mtoto kamasi. Baba alikuwa ametazama upande mwingine, anaangalia mwavuli wa Mzee Bura kana kwamba hajawahi kuona mwavuli.

Sasa nishukuru. Namshukuru Mungu aliyemrudisha Shangazi Rahel nyumbani akiwa hai. Namshukuru kwa kazi yake, ya jukwaani na ya klabuni, maana bila kazi ile nani angenifundisha kuishusha sauti na kuiweka mahali? Wapo wanaoniuliza kama ile ilikuwa laana kweli au uoga tu wa mtoto aliyeambiwa tangu kuzaliwa kwamba amefungwa. Sijui. Nimefikiri sana na sijui. Ninachojua ni kwamba nilikuwa nimefungwa, na nimefunguliwa, na aliyefungua ni Bwana, akitumia mikono aliyoitaka. Kama upo hapa na watu walikwambia jambo juu yako ukiwa bado mgongoni kwa mama yako, ukaliamini, nakusihi usikae nalo peke yako. Mletee Yesu. Yeye haondoki mvua ikinyesha. Na kama kuna mtu wa kwenu mliyemfungia mlango, mpigieni simu. Huenda ana sehemu ya habari yenu ambayo hamjaisikia.

Na sauti yangu haijawa kubwa, msije mkadhani. Shuleni bado naitwa Simu Imezimwa na wengine, ingawa wiki iliyopita niliwajibu kwamba sasa inaita. Bado siku nyingine shikamoo inachelewa. Wazee wangu, mnisamehe, iko njiani.

Kesho yake baada ya mchezo ule, Jumapili asubuhi, tulipanga mstari mbele ya madhabahu, mimi mrefu kuliko wote. Mchungaji alipofika kwangu akainama, akanitegea sikio, ili nimjibu yeye peke yake. Aliinama kwa upendo, nililiona hilo. Nikasubiri mpaka aliponyooka. Akaniangalia, akaelewa, akarudi nyuma kidogo. Kisha nikasema jina langu, na alipouliza amri ya nne, ile ya kuwaheshimu baba na mama, na maana yake, nikaijibu taratibu. Sauti ilitetemeka, lakini sikuiachia njiani.